Koti Lililowahi Kazini

Nchi yenyewe sitaitaja jina. Majirani zake wote wameshaniapia kwamba si wao, na yenyewe ilinitumia barua ya kukanusha kabla sijaandika mstari wa kwanza, kwa hiyo tuiache kama ilivyo. Ni nchi nzuri. Ina bendera, ina wimbo, ina mawaziri wengi kuliko mito, na katikati ya mji wake mkuu limesimama jengo la ghorofa nne la Wizara ya Vibali, Idhini na Ruhusa, ambako mwananchi huenda kuomba ruhusa ya kufanya jambo ambalo amekwisha kulifanya.

Ghorofa ya tatu ya jengo hilo ilikuwa ikifagiwa na mwanamke mmoja aitwaye Bi Chausiku. Alikuwa amefagia hapo miaka kumi na tisa. Alikuwa mwembamba, mwepesi wa miguu, na ulimi wake ulikaa kimya kutwa nzima kazini kisha ukajilipizia akifika nyumbani. Kusoma na kuandika alikujua barabara, maana zamani aliongoza darasa la saba lote la shule yao, lakini hilo hakuna mtu wizarani aliyewahi kumwuliza.

Sasa, ili hadithi hii ieleweke, kwanza ieleweke habari ya makoti.

Katika nchi hiyo mtumishi wa umma hufika ofisini, hutundika koti lake kwenye mgongo wa kiti, kisha hutoka kushughulikia maisha yake. Mwananchi akija kumwulizia huonyeshwa kiti. "Yupo," ataambiwa. "Koti lake si lile pale? Ametoka kidogo." Desturi hii ilianza kama ujanja wa watu wachache, ila Serikali ile ni sikivu na haikupenda wachache wafaidi peke yao. Ikatoa Waraka Namba Tisa: mtumishi atahesabiwa kuwa yupo kazini endapo koti lake litaonekana kitini. Mahudhurio yakapanda mpaka asilimia mia. Nchi za nje zikatuma wajumbe kuja kujifunza siri ya mafanikio hayo, na wajumbe wakapokelewa na makoti.

Koti lililowashinda yote kwa bidii lilikuwa la Bwana Kasimbazi, Afisa Vibali vya Majengo. Lilikuwa la kahawia, la miraba, limechanika kidogo kwapani. Bwana Kasimbazi alilitundika Jumanne moja, miaka saba kabla ya mambo haya, akatoka kunywa chai, akaanguka huko huko mgahawani akafa. Ofisi nzima ilikwenda kumzika, ikalia kwa haki, ikala ubwabwa wa msiba, ikarudi saa tisa alasiri ikamkuta yupo kazini. Afisa Utumishi alilitazama koti, akautazama Waraka, akajikuna kisogo, kisha akaandika kwenye daftari la mahudhurio: Yupo. Tangu siku hiyo marehemu alipandishwa cheo mara mbili, na mwaka mmoja akatunukiwa cheti cha Mfanyakazi Hodari, kwa kuwa hakuwahi kuchelewa wala kugombana na mtu.

Kazi yake tu ndiyo haikwenda. Mafaili yalirundikana juu ya meza mpaka yakaziba dirisha.

*

Faili moja katika rundo lile lilikuwa likimkosesha Bi Chausiku usingizi. Lilikuwa la zahanati ya Mtaa wa Tope, mtaa aliokaa yeye. Wakazi walikuwa wameijenga kwa mikono yao. Walifyatua matofali, wakabeba maji kichwani, wakapaua, wakapaka na chokaa. Siku ya kumaliza akaja mtu wa Serikali, akawapongeza sana, akapiga kufuli mlangoni mpaka kibali kitoke. Kufuli lilikuwa limeshika kutu sasa. Mbuzi wa mtaa walikuwa wakilala barazani.

Binti yake wa pekee, Siwatu, alijifungua mtoto wake wa kwanza juu ya mkokoteni, njiani kwenda hospitali ya mbali, hatua chache tu kupita kufuli lile. Mtoto hakuishi siku mbili. Sasa Siwatu alikuwa mjamzito tena, mimba ya miezi sita, na kila alipopita mbele ya zahanati aligeuza uso.

"Mama," alimwambia siku moja, "mkokoteni sipandi tena. Bora nizalie hapa hapa uani kama paka."

"Hutazalia uani," alisema Bi Chausiku, lakini hakujua anasema hivyo kwa nguvu gani.

Jirani yao wa ukuta kwa ukuta alikuwa Bi Getruda, nesi mkunga aliyestaafu, aliyezalisha nusu ya mji ule na mawaziri wanne. Huyu alikuwa ameomba mara tatu aruhusiwe kuhudumu katika zahanati bila malipo. Alijibiwa mara moja tu, kwamba umri wake umepita, na kwamba nafasi hiyo imehifadhiwa kwa ajili ya mtaalamu.

Basi asubuhi moja, saa moja na nusu, Bi Chausiku alikuwa akilipangusa vumbi koti la Bwana Kasimbazi. Saa moja na nusu ndiyo saa rasmi ya kuanza kazi nchini mle, na kwa sababu hiyo jengo lilikuwa tupu. Watumishi huanza kuonekana saa nne. Akalikung'uta koti, na kutoka mfukoni kikaanguka kitu, ko! Kilikuwa mhuri wa Bwana Kasimbazi, ule wenye saini yake, na pembeni yake kidau cha wino kilichozibwa vizuri, hakijakauka.

Aliuokota. Akautazama mlango. Akafungua faili la chini kabisa, lililokaa miaka tisa. Mzee mmoja aitwaye Mlekwa alikuwa anaomba kibali cha kuchimba choo. Ramani ilikuwapo, barua ya mwenyekiti wa mtaa ilikuwapo, majirani walikuwa wameridhia. Hakikukosekana kitu isipokuwa mtu wa kugonga mhuri.

Bi Chausiku akagonga, paa! Akasikiliza. Dari halikuanguka. Akaliweka faili kwenye trei ya kutoka, akaendelea kufagia huku moyo ukimwenda mbio kama msichana aliyeiba embe.

Kesho yake aligonga matano. Kesho kutwa, kumi. Hakugonga ovyo, maana alisoma kila karatasi. Bwana mmoja aliyetaka kujenga baa juu ya paa la shule ya msingi alimrudishia faili lake na neno moja la herufi kubwa: HAPANA.

Faili la zahanati lilikuwa la mia tatu na kumi na mbili. Angeweza kulichomoa, na siku ya kwanza mkono ulimwendea wenyewe. Lakini huyu ni mwanamke aliyewahi kukunjana mashati na mtu mzima mwenzake bombani kwa sababu ya kurukwa foleni ya ndoo. Watu mia tatu na kumi na mmoja walikuwa wametangulia, kila mmoja na shida yake. Aliuvuta mkono. Foleni ni foleni, alijiambia, nikikaza buti nitamuwahi mjukuu.

*

Mzee Mlekwa alipopokea kibali chake hakukifurahia. Alikisoma mara tatu, akavaa kanzu safi, akakipeleka kituo cha polisi.

"Afande," alisema kwa sauti ya chini, "nimejibiwa."

"Umejibiwa na nani?"

"Na Serikali."

Afande akavua kofia. Akakishika kibali kwa ncha za vidole, akaisoma saini, na rangi ikamtoka. Yeye mwenyewe alikuwa miongoni mwa waliobeba jeneza la Bwana Kasimbazi.

Ndani ya wiki mbili mji mzima ulikuwa ukijibiwa. Watu walikuta barua milangoni wakazimwagia maji ya kuombewa. Mwanamke mmoja aliyepewa kibali cha genge lake alihama nyumba. Kule wizarani watumishi walikataa kuingia chumba kile. Walirusha makoti yao vitini kutokea mlangoni kama watu wanaotupa nyavu. Gazeti la Serikali likaandika kwa wino mwekundu: KAZI YAFANYIKA OFISINI, WANANCHI WAOMBWA KUWA WATULIVU.

Waziri, Mheshimiwa Tindwa, alikuwa mtu mnene, mkarimu, na mwoga wa paka. Aliitisha mkutano wa waandishi wa habari. "Serikali inalifahamu tatizo," alisema. "Ninawahakikishia kwamba hakuna mtumishi yeyote aliye hai anayehusika. Nimeunda Tume."

Tume ya Kuchunguza Utendaji Usio wa Kawaida ilikuwa na pande mbili ili isipendelee. Upande wa wanaosadiki uliongozwa na Maalim Ubwa, bingwa wa mizimu, mwenye tasbihi ndefu na sauti ya kutetemesha vikombe. Upande wa wasiosadiki uliongozwa na Dakta Lwimbo wa chuo kikuu, aliyevaa miwani mbili, moja machoni na moja utosini, na ambaye hakusadiki kitu chochote kisichopimika kwa rula. Waziri mwenyewe alikuwa mwenyekiti.

Maalim alisema huu ni mzimu wa marehemu, unalipia kazi aliyoiacha. Dakta alicheka sana. Akapima dirisha, akapima meza, akapima umbo la mhuri, akafanya hesabu ubaoni siku mbili, akathibitisha kwamba upepo wa kusi ukiingia kwa pembe fulani unaweza kuunyanyua mhuri na kuugonga penye saini mara mia mbili na zaidi bila kukosea.

"Na ile HAPANA?" aliuliza Maalim.

"Upepo wa kaskazi," alisema Dakta.

Waligombana asubuhi na jioni, isipokuwa katika jambo moja tu waliloafikiana tangu siku ya kwanza, kwamba kazi ile haikufanywa na mtu wa ofisini. Hilo hata Dakta alisema halihitaji rula.

Wakaamua kulivizia koti. Kwa kuwa kila mtu anajua mizimu hutembea usiku, Tume ilikesha chumbani mle siku tatu mfululizo, Maalim na ubani wake, Dakta na mitambo yake, Mheshimiwa akiwa amejifunika blanketi. Hawakuona kitu. Saa kumi na mbili asubuhi walikwenda zao kulala. Saa moja na nusu Bi Chausiku akaingia na ufagio, akafungua madirisha kutoa moshi wa ubani, akagonga mihuri yake. Saa nne Tume ikarudi, ikakuta mafaili mengine yamegongwa, wino haujakauka. Maalim akatoa machozi ya furaha. Dakta akaandika: Upepo unangoja tuondoke.

Siku ya nne wakawahoji wafanyakazi. Bi Chausiku alikuwa humo humo akiwamiminia chai.

"Afisa Utumishi," aliuliza Maalim, "asubuhi saa rasmi za kazi, ofisini kunakuwa na nani?"

"Hakuna mtu, Maalim."

"Hata mmoja?"

"Hakuna mtu kabisa. Yupo mama wa usafi tu."

Dakta akaandika: Hakuna mtu. Kisha akainua miguu yote miwili bila kutazama chini, ili ufagio upite.

*

Tume iliposhindwa kuafikiana, ilifanya kama zifanyavyo tume, ikatafuta kitu cha kuchoma. Maalim alitaka koti lichomwe ili mzimu upumzike. Dakta naye alitaka lichomwe, ili watu waone kwamba ni kitambaa tu. Ikapangwa Ijumaa saa tano, uwanjani mbele ya wizara, kwa pipa, mafuta ya taa na bendi ya tarumbeta.

Afisa Utumishi aliinua kidole. "Mheshimiwa, kwa mujibu wa Waraka Namba Tisa, koti likiungua, Bwana Kasimbazi atakuwa hayupo kazini. Atahesabika mtoro. Na vibali vyote vilivyotolewa na mtoro ni batili."

"Vyote?"

"Vyote, Mheshimiwa. Choo cha Mzee Mlekwa itabidi kifukiwe."

"Ameshaanza kukitumia?"

"Kwa moyo wote."

Mheshimiwa alisikitika, akaagiza mzee ajulishwe mapema.

Siku hiyo ilikuwa Jumatano. Bi Chausiku alifika nyumbani amenywea. Siwatu alikuwa ameketi uani na miguu iliyovimba ndani ya beseni la maji ya chumvi, mimba imeingia mwezi wa tisa, na Bi Getruda yuko kando yake akichambua mchicha.

"Mama, umefika la ngapi?"

"La mia mbili na tisini. Na chumba wamekipiga lakiri. Keshokutwa wanalichoma koti, na yote niliyoyagonga yanakuwa si kitu."

Siwatu alilitazama tumbo lake, kisha akalitazama lango, na mama yake akajua anauona mkokoteni.

"Kawaambie ukweli," alisema Bi Getruda.

"Wakinifukuza kazi?"

"Wakikufukuza utakuja kuchambua mchicha na mimi. Kawaambie, Chausiku. Kuna kitu gani kibaya? Umefanya kazi."

"Ndiyo kosa lenyewe hilo, dada yangu," alisema Bi Chausiku. Hata hivyo alicheka, na akalala akiwa ameamua.

*

Ijumaa saa nne Tume ilikaa kikao chake cha mwisho ndani ya chumba chenyewe, koti likiwa kitini, pipa likingoja nje. Bi Chausiku aliweka chini birika la chai, akajifunga kanga vizuri kiunoni, akasimama katikati.

"Waheshimiwa, samahani. Ni mimi."

Wakageuka kutafuta sauti inatoka wapi.

"Ni mimi niliyegonga. Mhuri niliukuta mfukoni mwa koti. Nilikuwa nafanya asubuhi, saa za kazi, maana nyinyi hamkuwapo."

Dakta Lwimbo alishusha miwani ya utosini, akaiweka juu ya ile ya machoni.

"Mama," alisema kwa ule upole wa kuongea na mgonjwa, "una cheti gani?"

"Cha darasa la saba, baba."

"Na kazi hii, Afisa Utumishi, inataka nini?"

"Shahada, uzoefu wa miaka mitano, na semina tatu."

"Basi kisayansi haiwezekani."

"Na kiroho vilevile," alisema Maalim Ubwa.

"Haya, nitazameni," alisema Bi Chausiku. Akauchukua mhuri kwenye meza ya ushahidi, akavuta faili la mia mbili na tisini na moja. "Huyu anataka kujenga kibanda cha kushonea nguo. Ramani hii hapa. Mwenyekiti wa mtaa amesaini hapa. Jirani huyu alipinga, wakapatana, barua ya kupatana hii hapa. Bado nini?" Paa! Akaliweka kwenye trei.

Zilikuwa dakika nne. Mtumishi mmoja wa idara ile, aliyekuwa na miaka kumi na minne kazini, alizirai ukutani. Alikuwa hajawahi kujua kazi yake inafanywaje.

Maalim alisimama, tasbihi ikamtoka mkononi. "Mmeona? Huyo si yeye! Marehemu amempanda!"

"Kwa mara ya kwanza nakubaliana na Maalim," alisema Dakta, naye amesimama, "ingawa kwa sababu tofauti. Koti lina mnururisho, yaani miali isiyoonekana. Mnururisho umeingia katika akili ambayo haijajaa elimu, ukapata nafasi. Ni jambo la kawaida kabisa."

Mheshimiwa Tindwa aliwatazama mmoja mmoja. "Kwa hiyo hapa tunaongea na nani?"

"Na marehemu," alisema Maalim.

"Na mnururisho wa marehemu," alisema Dakta.

Waziri akasimama, akafunga kifungo cha suti, akainama kidogo mbele ya mfagiaji wake. "Shikamoo, Bwana Kasimbazi."

Bi Chausiku aliangaza chumba kizima. Ukweli alikuwa ameuleta mwenyewe, mkononi, mchana kweupe, na wameukataa kwa sauti moja. Uwongo hakuupenda. Lakini alimfikiria Siwatu na beseni lake, akaona heri mgeni apewe anachokula. Akaishusha sauti mpaka tumboni.

"Marahaba," alisema.

Wazito wa Tume wakashikana mikono.

"Koti langu lisiguswe na moto," alisema Bwana Kasimbazi kwa kinywa cha Bi Chausiku.

"Halitaguswa, mzee."

"Kiti changu." Wakamvutia kiti. Akakikalia, kwa mara ya kwanza tangu aanze kukipangusa miaka kumi na tisa iliyopita, na akashangaa jinsi kilivyo laini. "Mafaili yangu yaliyobaki. Yote ishirini na moja. Na chai."

Mafaili aliyabeba Mheshimiwa Waziri mwenyewe, akipigana vikumbo na Dakta. Chai ililetwa na Afisa Utumishi. Ilikuwa imejaa sukari, lakini marehemu hakulalamika.

Akaanza. Aligonga mbele yao saa nzima na robo, akisoma kila karatasi. Watumishi wa ghorofa zote walikusanyika mlangoni kutazama, wengine wamebeba watoto wao begani, kwa kuwa jambo kama lile huenda lisitokee tena maishani mwao. Nje bendi ya tarumbeta ilichoka kungoja, ikaanza kupiga nyimbo za harusi.

Akafika la mia tatu na kumi na mbili. Hapo alisimama kidogo. Ramani ilikuwapo. Barua ya mwenyekiti ilikuwapo. Ilikuwapo na orodha ya watu waliofyatua matofali, na jina la sita lilikuwa lake, aliloliandika kwa mkono wake mwenyewe siku ambayo chokaa ilikuwa bado mbichi. Machozi yakamlengalenga.

"Marehemu analia," alinong'ona Maalim.

Dakta akaandika: Unyevunyevu.

Paa! Aligonga kwa nguvu mpaka chai ikamwagika, na yeye mwenyewe, kwa mazoea, akachukua tambara akaifuta.

*

Ripoti ya Tume ilikuwa na kurasa mia nne, nusu za mizimu na nusu za upepo. Pande zote mbili zilitangaza kushinda. Koti lilipandishwa cheo kuwa Mkurugenzi, likahamishiwa chumba chenye kiyoyozi. Bi Chausiku alipata barua ya onyo, kwa kosa la kukalia kiti cha mkubwa wake bila idhini. Aliisoma, akaikunja, akafutia kioo cha dirisha.

Zahanati ya Mtaa wa Tope ilifunguliwa Jumatatu iliyofuata. Kufuli lilikatwa kwa msumeno, mbuzi waliombwa kupisha, Mheshimiwa akakata utepe. "Serikali hii," alisema, jasho likimtoka kwa furaha, "haibagui aliye hai na asiye hai katika kuleta maendeleo!" Watu wakapiga vigelegele vya kweli, maana mlango ulikuwa wazi. Nesi mtaalamu aliyehifadhiwa kwa ajili ya nafasi ile naye alikuwapo, amependeza. Alipokea ufunguo na maua, akaingia ndani, akalitundika koti lake jeupe kwenye mgongo wa kiti, akatoka kidogo.

Siku ya tisa, saa tatu asubuhi, uchungu ulimshika Siwatu. Safari hii hakuna aliyeita mkokoteni. Alikwenda kwa miguu yake, hatua kwa hatua, mama yake huku na Bi Getruda huku, na watu wa mtaa wakiwasindikiza hadi barazani. Mlango ulikuwa wazi. Kitanda kilikuwapo, kimetandikwa shuka la njano. Kwenye kiti palikuwa na koti jeupe.

"Nesi yupo?" Bi Chausiku alimwuliza mlinzi.

"Yupo, mama. Koti lake si lile pale?"

Bi Chausiku alilitazama koti kwa muda usiozidi pumzi moja. Akaliondoa kitini, akalikung'uta vumbi vizuri kama alivyozoea, akamshikia Bi Getruda aingize mikono. Lilimkaa sawasawa. Bi Getruda alinawa mpaka viwikoni, akamwangalia Siwatu usoni, akasema, "Haya mwanangu, tufanye kazi."

Kabla ya adhuhuri mtoto alilia. Alikuwa wa kike, mzima, mwenye sauti ya kuitisha mkutano. Siwatu alimpakata akacheka, akalia, akacheka tena. Bi Chausiku alitoka barazani akapiga vigelegele mpaka mbuzi wakakimbia.

Gazeti la Serikali la kesho yake lilikuwa na wino mwekundu: KOTI JEUPE LAZALISHA. Chini yake ilielezwa kwamba daftari la zahanati linaonyesha mtaalamu alikuwapo kazini siku nzima, ilhali mtaalamu mwenyewe alionekana semina mji mwingine, na kwamba Mheshimiwa ameunda Tume. Maalim Ubwa alikuwa amekwisha kununua ubani. Dakta Lwimbo alitaka kwanza apime upepo wa Mtaa wa Tope. Uchunguzi ungeanza usiku.

Mwandishi wa gazeti hilo alikuja hadi uani kwa Bi Chausiku kutafuta shahidi. Alimkuta amempakata mjukuu, na Siwatu na Bi Getruda wako mkekani wanachambua mchicha. Alisalimu vizuri, akafungua daftari.

"Mama, nasikia ulikuwapo zahanati wakati lile koti linazalisha. Uliona mtu yeyote mle ndani?"

Bi Chausiku alimwangalia Bi Getruda, na Bi Getruda akainamia mchicha wake ili asicheke.

"Hakukuwa na mtu, mwanangu," alisema Bi Chausiku. "Tulikuwa sisi tu."

Mwandishi akaandika yale maneno matatu ya kwanza, akafunga daftari, akashukuru, akaenda zake.